Nasaba za Watu wa Frere Town

Mtu aliyezaliwa katika kijiji cha wazee wake hana haja ya kuutafuta ukoo wake, maana amelelewa ndani yake. Akikosa adabu huambiwa yeye ni mwana wa nani na mjukuu wa nani. Akitaka kuoa, wazee huhesabu vizazi kwanza, wapate kujua kama yule binti si ndugu yake. Na akifa, wapo wajuao azikwe karibu na kaburi gani. Wengi wetu tusomao gazeti hili tumekaa hivyo, nasi twadhani kwamba kila mji ulianza kwa babu mmoja aliyekuja na shoka na mbegu, akafyeka msitu, akazaa. Lakini katika pwani yetu iko miji iliyoanza kwa jahazi lililokamatwa baharini, na kwa daftari la mtu aliyeandika majina. Katika miji hiyo tumechagua kueleza habari za Frere Town, ng'ambo ya Mombasa. Tumeichagua kwa kuwa habari zake zimeandikwa kuliko za nyingine, na tena kwa sababu ya neno la dharau ambalo wajukuu wa mji ule wameambiwa tangu zamani, kwamba wao ni watu wasio na kwao. Neno hilo twataka kulipima.

Mahali penyewe ni bara, kaskazini ya kisiwa cha Mombasa, katika nchi ya Kisauni, na mkono wa bahari wapita katikati. Kabla ya mji kuwapo, kaburi lilikuwapo. Dr. Krapf, Mjerumani aliyetumwa na chama cha CMS, alifika Mombasa mwezi wa Mei 1844 pamoja na mkewe Rosina. Hata Julai ya mwaka ule ule Rosina akafa kwa homa, na mtoto wake mchanga akamfuata baada ya siku chache. Wakazikwa huko ng'ambo. Mwaka 1846 akaja Rebmann, na hao wawili wakajenga Rabai. Rebmann ndiye aliyeiona theluji ya Kilimanjaro mwaka 1848, akachekwa na wataalamu wa Ulaya. Akakaa Rabai hata mwaka 1875, macho yake yakiwa karibu kupofuka, na Wakristo aliowaacha walikuwa wachache mno.

Mji wa Frere Town ulizaliwa na mkataba. Mwaka 1872 serikali ya Uingereza ilimtuma Sir Bartle Frere kwenda Unguja kumtaka Seyyid Bargash akomeshe biashara ya watumwa baharini. Seyyid akakataa, na Frere akaondoka mikono mitupu; ndipo Dr. Kirk, balozi wa Kiingereza, alipomkabili kwa tishio la manowari kuzuia bandari yake, naye akatia sahihi tarehe 5 Juni 1873. Soko la watumwa la Unguja likafungwa. Lakini kufunga soko ni neno moja, na kuwaweka mahali watu watolewao katika majahazi ni neno lingine. Kuwarudisha kwao haikuwezekana, maana njia za bara zilikuwa njia zile zile walizoletwa, nao wangalikamatwa tena kabla hawajafika nusu ya safari. Frere alikuwa amepita Mombasa na Rabai, akawashauri CMS wajenge mji wa mahuru katika pwani ile. Wakamtuma Padre W. S. Price, naye mwaka 1875 akanunua ardhi Kisauni, na mji ukaitwa kwa jina la Frere.

Sasa tuwaangalie watu wenyewe, maana hapa ndipo watafutao nasaba hupotea. Huwadhania wote kuwa watu wa namna moja, kumbe waliingia kwa milango mbalimbali, na kila mlango una alama zake.

Waliotangulia waliitwa Wabombei. Hao walikuwa wameibwa utotoni, wakapakiwa kwenda Arabuni na Ghuba ya Uajemi, manowari za Kiingereza zikawaokoa njiani, wakapelekwa Bombay kwa kuwa siku zile hapakuwa na mahali pa kuwaweka katika pwani ya Afrika. Huko Bara Hindi, karibu na mji wa Nasik, CMS walikuwa na makao yaliyoitwa Sharanpur, na Price huyu huyu alipata kuwa mkuu wake. Vijana wakafundishwa kusoma na kuandika, na useremala, na uhunzi. Wakajua Kiingereza na lugha za Kihindi. Wakabatizwa, wakapewa majina ya Kiingereza. Jacob Wainwright, aliyesoma sala za maziko na kuchonga maandishi katika mti kijijini kwa Chitambo mwaka 1873, ulipozikwa moyo wa Dr. Livingstone, alikuwa mwanafunzi wa Nasik. William Jones na Ishmael Semler walikuja Mombasa mapema, mwaka 1864, kumsaidia Rebmann. Price alipoanza mji wake aliwakuta hao na kuwaita wengine kutoka Bombay, nao ndio waliokuwa waalimu, mafundi na wasimamizi wa Frere Town tangu siku za kwanza.

Inafaa kumtaja Jones kwa urefu kidogo. Asili yake ni Myao. Alichukuliwa kwao akiwa mtoto, akavuka bahari mara mbili, akarudi Afrika mtu mzima mwenye ufundi na elimu. Mwaka 1885 Askofu Hannington aliwapa yeye na Semler ushemasi, na hao wawili walikuwa wa kwanza kuupata katika Kanisa la Kianglikana la nchi iitwayo leo Kenya. Mwaka huo huo Jones akafuatana na askofu katika safari ya Uganda. Walipofika Kavirondo, askofu akamwacha huko na kundi kubwa la wapagazi, akaenda mbele na watu wachache. Akauawa Busoga mwezi wa Oktoba kwa amri ya Kabaka Mwanga. Jones alingoja, akapata habari kwa wachache waliookoka, akawaongoza wapagazi wote kurudi pwani, mwendo wa mamia ya maili. Februari 1886 wakaingia Rabai nyuma ya bendera ya buluu iliyoshonwa juu yake kwa herufi nyeupe neno Ikabodi, ambalo wasomaji wanalijua katika kitabu cha kwanza cha Samweli. Huyu ndiye mtu ambaye jina lake halimwambii mjukuu neno lo lote juu ya nchi ya Wayao. Ukilikuta jina la Jones, au Semler, au David katika vitabu vya zamani vya kanisa la pwani, usidhani mara moja kwamba ni Mzungu.

Wako wamisionari waliowalaumu Wabombei kwa kiburi, kwa kuwa walivaa suruali na koti, wakataka mshahara ulingane na kazi. Sisi hatuoni ajabu. Mtu aliyefundishwa kwamba ni sawa na wengine mbele za Mungu, hapana budi atauliza mbona si sawa mbele ya mweka hazina.

Baada ya hao wakaja mateka, na hao ndio waliokuwa wengi. Manowari iitwayo London iliwekwa Unguja kwa miaka karibu kumi kuvizia majahazi, na nyingine zikazunguka pwani. Watu waliotolewa majahazini walipelekwa kwa balozi, naye akawagawa kwa misioni: wengine kwa UMCA wa Unguja, wengine kwa mapadre wa Kikatoliki wa Bagamoyo, wengine Frere Town. Kundi kubwa la kwanza lililetwa Mombasa na manowari Thetis mwezi wa Septemba 1875. Walishuka wamedhoofika kwa njaa, wengi wao watoto, wala hawakuwa na lugha moja. Wengi walitoka pande za ziwa la Nyasa na Ruvuma: Wayao, Wamakua, Wangindo, na hao walioitwa Wanyasa.

Jina hilo la Mnyasa limewapoteza wengi. Pwani, kila mtu aliyetoka upande wa ziwa aliitwa Mnyasa, awe Mnyanja, au Mchewa, au Mtumbuka, au Mtonga. Na yule mtoto, akiisha kuitwa hivyo miaka kumi, akajiita hivyo mwenyewe. Basi mjukuu asemaye, "Babu yangu alikuwa Mnyasa," amejua upande alikotoka babu, asijue bado kabila lake.

Tena jambo la majina. Mateka mmoja aweza kuwa na majina matatu. La kwanza alipewa na mama yake. La pili alipewa na mwenye kumnunua, na mara nyingi lilikuwa katika yale majina ya watumwa yajulikanayo pwani nzima: Baraka, Feruzi, Mabruki, Almasi, Farjala, Majaliwa. La tatu ni la ubatizo, nalo aghalabu lilitoka katika Biblia au kwa Waingereza. Hilo la tatu ndilo lililoandikwa kwa wino mzuri. La pili liliandikwa mara nyingine. La kwanza lilibaki kinywani mwa mwenyewe, na kama hakumwambia mtoto wake, likazikwa naye. Wakristo wa zamani wengine waliona aibu kulitaja, kana kwamba jina la mama ni la upagani. Katika hasara zote za utumwa, hii ndiyo iliyoendelea kutokea hata baada ya watu kuwekwa huru, na sisi waalimu tuna sehemu yetu, tuliowafundisha watoto kuandika jina la ubatizo peke yake juu ya kibao.

Liko neno jingine lisiloonekana upesi. Wayao, Wamakua na Wachewa huhesabu ukoo kwa upande wa mama. Kwa Wamakua kila mtu huchukua nihimo ya mama yake, yaani ukoo wake, na mjomba ndiye mwenye neno juu ya watoto wa dada yake. Lakini Frere Town mambo yalipangwa kwa desturi ya Wazungu: mtoto huchukua jina la baba, nyumba ni ya baba, na kitabu cha ndoa huandika baba wa bwana arusi na baba wa bibi arusi. Fikiri juu ya Mmakua aliyeulizwa na padre, "Baba yako nani?" Kama alikumbuka, alijibu, lakini swali lenyewe halikugusa ukoo wake. Angaliulizwa habari za mama yake na mjomba wake, labda angalitaja nihimo yake, nayo ingalikuwa kwa wajukuu kama ufunguo wa nyumba. Kwa hiyo twawashauri watu wa nasaba hizi wasiandame majina ya akina baba peke yake. Maneno ya bibi, hata kama aliyasema jikoni akichambua mboga, yaweza kuwa na thamani kuliko cheti.

Wa mwisho ni watoro. Hao hawakutoka baharini, bali walikimbia mashamba ya pwani, wakaomba kimbilio kwa misioni, na hasa Rabai, mahali palipokuwa mbali zaidi na mabwana zao. Wakuu wa misioni walikuwa wamekatazwa kuwapokea, maana utumwa wa nchi kavu ulikuwa bado halali, na mwaka 1880 watu wa Mombasa walitishia kuishambulia Frere Town kwa sababu hiyo. Hata hivyo watoro wakaja. Wengine wakajenga Fuladoyo, mji wao wenyewe katika bara ya Wagiriama, chini ya Wakristo wenzao. Na David Koi, aliyekuwa kiongozi huko, alikamatwa akakatwa kichwa mwaka 1883. Hatimaye mwaka 1888 mabwana wakadai watu wao kwa nguvu. George Mackenzie, mkuu wa Kampuni ya Kiingereza ya Afrika Mashariki, alipoyachungua makao ya misioni aliwakuta watoro zaidi ya 1,400. Akaona kuwarudisha ni haya, na kuwaacha ni vita. Akafanya mapatano ya kuwalipa mabwana fedha kwa kila kichwa, na tarehe 1 Januari 1889 watu wale wakatangazwa huru huko Rabai. Watoro walijua mashamba waliyotoka na mabwana waliowatumikia. Kwa hiyo mjukuu wa mtoro aweza kuanza kuuliza Malindi au Takaungu, hali mjukuu wa mateka hana kijiji cha kuanzia ila bahari.

Rabai na Frere Town zilioana sana, kwa hiyo ni vigumu leo kupata nyumba ya zamani ya Frere Town yenye damu ya mlango mmoja tu. Mbombei alioa mateka, mwana wao akaoa binti wa mtoro, na mtoto wao akaolewa na Mrabai au Mtaita. Tukitaka kusema kweli, watoto hao wana kwao kwingi kuliko sisi.

Hatupendi kuusifu mji huu kupita kiasi. Kengele iliwaamsha watu, kengele ikawapeleka kazini, kengele ikawarudisha; na katika miaka ya 1880 na 1881 viboko vilitumiwa vibaya na wasimamizi wa Kizungu, hata manung'uniko yakafika London, Price akarudishwa kutengeneza mambo. Mtu aliyetolewa minyororo, akapigwa na wale waliomtoa, alikuwa na haki ya kushangaa.

Wasomaji wa Biblia wanakumbuka sura ya pili ya kitabu cha Ezra. Watu walipotoka uhamishoni Babeli, waliandikwa nyumba kwa nyumba. Lakini palikuwa na waliokuja kutoka Tel-mela na Tel-harsha ambao hawakuweza kuonyesha mbari za baba zao, wala kama walikuwa wa Israeli. Na wana wa makuhani wengine waliitafuta orodha ya nasaba yao wasiione, wakaondolewa katika ukuhani. Twaona jambo moja katika sura ile ambalo hupitwa upesi. Wale wa Tel-mela hawakufukuzwa. Wameandikwa pamoja na wengine, na hesabu yao imetajwa, watu mia sita hamsini na wawili, nao wakapanda kwenda Yerusalemu. Kuondolewa kulihusu madhabahu tu. Dharau ya kumwambia mtu hana kwao haina tegemeo hata mahali pale ambapo nasaba zilitunzwa kwa ukali mwingi.

Mtu afanyeje basi akitaka kuujua ukoo wake katika mji wa namna hii? Aanze na vitabu vya ubatizo na vya ndoa, asome si jina lake tu bali majina ya wadhamini na mashahidi wa siku ile, maana mateka hakuwa na ndugu wa kumsimamia, na yule aliyemsimamia huenda alitoka naye katika jahazi moja. Awaulize wazee alama za mwili: Wamakua wa zamani walichanja mwezi mwandamo katika paji la uso, na bibi akumbukwaye kuwa na alama ile hahitaji cheti. Aulize maneno: jina la chakula, neno la kumbembeleza mtoto, mwiko wa mnyama usioliwa nyumbani bila sababu ijulikanayo. Mwiko hudumu kuliko lugha.

Kazi hiyo imepata kufanywa vizuri. James Juma Mbotela, mwana wa mji huu, ambaye baba yake alikuwa mmoja wa waliotekwa, alizikusanya habari za wazee wake katika kitabu cha Kiswahili, *Uhuru wa Watumwa*, kilichopigwa chapa mwaka 1934. Hakungoja wageni waje kuwauliza wazee. Aliuliza mwenyewe walipokuwa hai. Jina la Mbotela lenyewe si la Biblia wala la Kiingereza. Lilikaa, na wengi wa Afrika Mashariki walilisikia katika redio kwa miaka mingi kwa ajili ya mtangazaji Leonard Mambo Mbotela, mtu wa ukoo huo, aliyefariki mwaka 2025.

Wana wa Frere Town hawakukaa mahali pamoja. Elimu iliwatawanya. Reli ilipoanza kujengwa kutoka Mombasa mwaka 1896, makarani na mafundi walihitajiwa, nao walikuwa tayari. Wengine wakaenda Taita, Ukambani na Nairobi, waalimu na wasomaji wa kanisa. Chuo cha kufundishia watumishi wa Kanisa kilichokuwa Frere Town kilihamishwa kwenda Limuru mwaka 1930. Serikali ilipoanza kuandikisha wanaume kwa kipande, katika miaka ya 1919 na 1920, kila mtu aliulizwa kabila lake, na kijana wa Frere Town aliyezaliwa mbele ya bahari akajikuta akitaja nchi ambayo hata baba yake aliiona akiwa mtoto tu. Wengine wakasema Mnyasa, wengine Myao. Na pwani wakaitwa Wamisheni, jina ambalo mwanzoni lilikuwa la kuwatenga, nao wakalichukua likawa lao.

Kengele ile ya zamani ingaliko, ndani ya mnara wake mdogo kando ya njia kuu, karibu na daraja la Nyali. Wazee husimulia kwamba ililizwa pia kuwaonya watu majahazi ya wezi wa watumwa yalipoonekana. Mahali pale panaitwa Kengeleni.